Jiwe la zege la kilo 100 mjini Goma: kulifinyanga, kulipakata, kulipandisha (mwongozo kamili)

Vijana wengi wa Goma wanaotaka kushindana katika michezo ya watu wenye nguvu huja na malalamiko yaleyale matatu. Jiwe la zege, yaani tufe zito linaloinuliwa kutoka chini hadi jukwaani, limepasuka wiki ya kwanza. Jiwe walilolihesabu kuwa kilo 100 limefika mizanini na kilo 80. Au jiwe ni zima kabisa, lakini haliachani na ardhi, na mkono sasa unauma juu ya kiwiko.

Mara chache sana sababu ni ukosefu wa nguvu. Anayesukuma chukudu (baiskeli ya mbao ya kubebea mizigo) lenye magunia ya makaa kutoka mlimani ana nguvu ya kutosha. Kinachokosekana ni jiwe lililofanywa vizuri, na ufahamu kwamba jiwe halivutwi kwa mikono. Linapakatwa kwanza, kama mtoto, halafu ndipo linapandishwa.

Vitu vya kuandaa

Kwa kalibu moja (umbo la kumiminia zege; mafundi wengi huita mule) na jiwe moja la kipenyo cha sentimita 43:

- Mfuko 1 wa simenti wa kilo 50. Kalibu itakula kama kilo 16, jiwe kilo 18. Baki itatumika kuziba mashimo.
- Mchanga, bidoni 5 za lita 20 zilizokatwa juu.
- Kokoto ndogo, bidoni moja na nusu. Punje isizidi milimita 15.
- Ubao wa triplexi, vipande viwili: kimoja cha sentimita 80 kwa 80, kingine cha 40 kwa 40.
- Fito ya chuma ya milimita 12, urefu mita 1.
- Wavu wa kuku, mita 2.
- Udongo wa mfinyanzi au udongo mwekundu unaoshikana, karai 3.
- Mafuta ya kupikia, lita 1. Gazeti la zamani. Kipande cha sabuni.
- Kopo tupu la maziwa ya unga lenye upana wa sentimita 12 hivi.
- Kamba za mpira, zilezile zinazofungia mizigo kwenye pikipiki.
- Magunia 4 matupu, na tairi 2 za gari.
- Mizani ya kupimia magunia. Ya kuazima kwa mwenye depo inatosha.

Utahitaji pia mtu wa pili. Kila nusu ya kalibu ina kama kilo 40, na zege halingoji mtu aliyekwenda kuita jirani.

Kipenyo gani, uzito gani

Zege lililoshindiliwa vizuri lina kama kilo 2,400 kwa mita moja ya ujazo. Kutokana na hapo:

- sentimita 30: kilo 34
- sentimita 35: kilo 54
- sentimita 38: kilo 69
- sentimita 40: kilo 80
- sentimita 43: kilo 100
- sentimita 46: kilo 122
- sentimita 50: kilo 157

Angalia jinsi uzito unavyoruka. Kutoka 40 hadi 43 ni upana wa vidole viwili tu, lakini ni kilo 20. Ndiyo maana kosa dogo la kipimo huzaa jiwe tofauti kabisa na ulilotaka.

Ushauri wetu, ambao wengi hawapendi kuusikia: fanya la sentimita 35 kwanza. Wavuvi wa Dritvík kule Iceland walikuwa na mawe manne ya kupimia mabaharia, ya kilo 23, 54, 100 na 154, na lile la 54 ni sawa na hili la sentimita 35. Hatua zilizo hapa chini ni zilezile kwa kipenyo chochote. Badilisha tu nusu kipenyo kwenye ubao.

Hatua ya 1: Chagua kokoto kabla ya kitu kingine chochote

Hapa ndipo Goma inatofautiana na miji mingine, na hapa ndipo kilo 20 hupotea.

Mawe ya volkano yako kila mahali, mengine yamelala pale tangu Nyiragongo ilipomwaga moto mwaka 2002 na 2021. Lakini ngozi ya juu ya mtiririko wa lava ina matundu kama mkate. Kokoto yake ni nyepesi, inanyonya maji ya zege, na inavunjika jiwe likidondoka. Jiwe la moyoni mwa mtiririko ni la kijivu kizito, halina matundu mengi, na likigongwa na nyundo hulia kama chuma.

Kipimo ni rahisi. Jaza ndoo ya lita 10 kwa kokoto kavu, pima, toa uzito wa ndoo. Kokoto nzuri itafika kilo 14 au 15. Ikiwa haifiki 12, rudisha kwa muuzaji hata kama bei yake ni tamu.

Mchanga mweusi wa volkano unafaa ukiwa safi. Weka mchanga wa kina cha sentimita 10 katika chupa, ongeza maji, tikisa, acha usiku mzima. Tope likikaa juu kwa zaidi ya milimita 7, osha mchanga wote. Tope huzuia simenti kushika.

Hatua ya 2: Kata ubao wa kuzungushia

Wengi hujaribu kukandika kalibu juu ya mpira wa mazoezi uliojazwa upepo. Tunawashauri waache. Asubuhi ya baridi mpira hulegea, saa sita upepo wa ndani hupanuka na kupasua kalibu, na uzito wa chokaa cha simenti na mchanga huubonyeza ukawa kama andazi. Njia ya ubao haina upepo wa kudanganya.

Kwenye triplexi ndogo chora robo ya duara yenye nusu kipenyo cha sentimita 21.5, kwa msumari na uzi. Kata na uondoe robo hiyo. Ukingo uliobaki, wenye mvungu, ndio utakaochonga udongo.

Sasa sehemu inayoharibu mawe mengi. Ubao utazunguka kwa kuegemea fito ya chuma, na fito ina unene. Kitovu cha duara lazima kiwe katikati ya fito, si kwenye ukingo wa ubao. Kwa fito ya milimita 12, chora kitovu milimita 6 nje ya ukingo. Ukisahau, jiwe litakuwa limebonyea juu na chini kama chenza, nalo litakataa kuzunguka juu ya kifua siku ya kulipandisha.

Toboa ubao mkubwa katikati, uulaze sawasawa kwa pima maji, pigilia fito ardhini kupitia tundu hilo. Fito isimame wima kabisa. Funga ubao mdogo kwenye fito kwa vitanzi viwili vya waya: usilegee, lakini uzunguke.

*Ukifaulu:* ukizungusha ubao duara zima, ncha yake ya chini inagusa ubao wa chini pande zote bila kuinuka.

Hatua ya 3: Chungu cha udongo, kisha kalibu

Rundika udongo mbichi kuzunguka fito, ushindilie, zungusha ubao uukwangue hadi upate nusu tufe laini. Palipo na shimo, jaza. Palipozidi, ubao utaondoa. Usiharakishe. Kasoro yoyote ya chungu hiki itahamia kwenye jiwe.

Ng'oa fito, ziba tundu. Bandika vipande vya gazeti lililoloweshwa, kisha paka povu zito la sabuni. Hii ndiyo itakayoachanisha kalibu na udongo.

Changanya simenti 1 kwa mchanga 3, maji kidogo, chokaa kiwe kigumu kiasi cha kufinyangika mkononi bila kuchuruzika. Kandika tabaka la sentimita 2, laza wavu wa kuku, kandika tena hadi unene wa sentimita 5. Ukingo wa chini, mahali kalibu inapogusa ubao, uwe mpana wa sentimita 6, kwa sababu huko ndiko nusu mbili zitakapokutana.

Funika kwa magunia yenye maji. Siku tatu. Kisha inua na mwenzako, kwangua udongo, rudia kwa nusu ya pili. Tofauti ni moja tu: kwenye nusu ya pili simamisha kopo la maziwa kileleni kabla ya kukandika. Hilo ndilo tundu la kumiminia.

Acha nusu zote mbili zikomae siku saba zikiwa na unyevu, kisha zikauke. Sugua ndani kwa msasa, ziba vishimo kwa uji wa simenti.

Hatua ya 4: Paka mafuta mara mbili

Zege hushikana na zege. Mafuta ya kwanza yanywewe na kalibu usiku kucha. Ya pili yapakwe asubuhi ya kumimina, kidogo tu, ufute yanayotiririka. Mafuta yakituama huacha ngozi ya jiwe imejaa vitundu.

Usitumie oili chafu ya injini. Inaachanisha vizuri, ni kweli, lakini inaingia katika jiwe na hapo halitashikika tena: mikono itateleza miezi na miezi, na nguo zote zitachafuka.

Hatua ya 5: Kumimina

Chimba shimo la kina cha sentimita 30, weka nusu isiyo na tundu chini, ifunike na nusu yenye tundu. Funga kwa kamba za mpira, kisha shindilia udongo pande zote hadi kimo cha maungio. Zege bichi husukuma kwa nguvu, na kamba peke yake zitalegea.

Vipimo vya jiwe la 43:

- simenti lita 13 (kilo 18)
- mchanga lita 26
- kokoto lita 26
- maji lita 9

Changanya vikiwa vikavu mpaka rangi iwe moja, ndipo uongeze maji polepole. Mchanga ukiwa umelowa tayari, anza na lita 7 uone. Fundi atakuambia aongeze maji ili zege litiririke. Mkatalie. Kila lita inayozidi ni tundu litakalobaki ndani ya jiwe maji yakikauka, na huko ndiko ufa unakoanzia.

Mimina kwa tabaka za kama sentimita 10. Kila tabaka lichome kwa fito mara 30, huku mwenzako akigonga kalibu kwa mpini wa jembe. Utaona mapovu yakipanda. Endelea hadi yaishe.

Mimina jiwe lote kwa mara moja. Ukiacha nusu leo na nusu kesho umefanya mawe mawili yaliyolala pamoja, na yataachana siku ya kwanza.

Baada ya saa 12 hadi 18, ondoa kopo na ukwangue shingo ya tundu ifuate mviringo. Ukichelewa hadi kesho kutwa utahitaji patasi na nusu siku.

Hatua ya 6: Kungoja

Siku tatu ndani ya kalibu. Usiku wa Goma ni wa baridi na zege hukomaa taratibu, kwa hiyo siku moja haitoshi. Likwaruze shingoni kwa msumari: likiacha unga, ongeza siku.

Ukilitoa, lifunike kwa magunia uliyoyalowesha, na uyaloweshe tena asubuhi na jioni kwa siku saba. Halafu kivulini. Usilidondoshe kabla ya siku 28. Kupakata unaweza baada ya siku 14, ukilirudisha chini polepole.

*Ukifaulu:* mizani inasoma kati ya kilo 96 na 101. Likisukumwa kwenye sakafu sawa, linasimama popote, halirudi upande uleule. Likirudi daima upande mmoja, lina mzigo upande huo au lina uwazi upande wa pili. Likiwa chini ya 92, tatizo ni kokoto au hewa. Andika uzito halisi kwa rangi. Jiwe la kilo 91 ni zuri kwa mazoezi. Ubaya ni kuliita 100.

Hatua ya 7: Kulipakata

Hapa tutakaa zaidi, kwa sababu ndipo watu huumia.

Kabla ya kugusa jiwe, uwe unaweza kuinua gunia la mchanga la kilo 50 kutoka chini hadi begani mara tano, bila mgongo kuuma kesho yake. Kama bado, gunia ndilo mwalimu wako kwa sasa.

Vaa mikono mirefu ya kitambaa kigumu, au soksi ndefu zilizokatwa ncha. Zege huchuna ngozi ya ndani ya mkono kama kikwangulio cha nazi.

1. Simama jiwe likiwa katikati ya miguu, kati ya vifundo. Likikaa mbele ya vidole, mgongo utabeba mzigo wote peke yake.
2. Inama, vidole vikiwa wazi, viganja viingie chini ya jiwe kadiri vinavyoweza. Libane kwa viganja na mikono, kama unataka kulipasua.
3. Nyoosha viwiko. Viwiko vibaki vimenyooka mpaka jiwe liko mapajani.

Kanuni hii ya tatu haina msamaha. Kiwiko kikikunjwa, uzito wote unaning'inia kwenye mshipa mnene unaounganisha msuli wa mbele wa mkono na mfupa. Mshipa huo ukikatika husikika kama kamba inayokatika, msuli hujikunja kuelekea begani, na matibabu yake mara nyingi ni upasuaji. Ukisikia maumivu makali juu ya kiwiko, acha siku hiyo hiyo.

4. Bonyeza ardhi kwa miguu. Mgongo utakuwa umeviringika kidogo, jiwe haliruhusu vingine. Uwe mgumu, usiendelee kujikunja katikati ya safari.
5. Jiwe likipita magoti, kaa chini kama kwenye kigoda kifupi, magoti yakaribiane, livute mpaka litue mapajani.
6. Umelipakata. Pumua. Hapa unaruhusiwa kupumzika sekunde mbili tatu.

Kwa wiki tatu za kwanza usiende mbele ya hapo. Siku mbili kwa wiki, seti 5 za mara 3, jiwe la kilo 54 (lile la sentimita 35). Ukiweza kulipakata mara 3 bila kiwiko hata kimoja kukunjika (mwenzako apige picha za video kwa simu, kutoka ubavuni), nenda kwenye la kilo 80.

Hatua ya 8: Kulipandisha

Jukwaa: pipa la mafuta la lita 200, lijazwe mchanga lisipinduke, na juu yake tairi. Kimo ni zaidi kidogo ya mita moja, kinatosha kujifunzia. Tairi ya pili ilale mbele ya pipa, ndani yake gunia la maranda ya mbao. Huko ndiko jiwe litakakoangukia. Jiwe lisianguke kamwe juu ya mawe ya lava. Wala mtu asisimame upande wa pili wa pipa.

Ukiwa umelipakata, badilisha mshiko: mikono ipande juu ya jiwe, ilikumbatie, kifua kilale juu yake. Vuta pumzi, bana. Kisha simama kwa nguvu ya nyonga, ukizisukuma mbele kama unafunga mlango kwa tumbo. Jiwe litaviringika kifuani. Angalia juu, piga hatua fupi kuelekea pipa, maliza kwa nyonga. Mikono inaongoza tu.

Makosa tunayoyaona mara nyingi:

*Jiwe linakwama tumboni.* Hukulikumbatia juu vya kutosha. Rudi mapajani, panga mikono upya.

*Kizunguzungu.* Jiwe linakandamiza kifua na umebana pumzi muda mrefu. Toa pumzi mara jiwe linapotua, na usiunganishe zaidi ya mara 3 mfululizo mpaka mwili uzoee.

*Linateleza.* Futa vumbi, kausha jasho. Mabingwa hutumia ulimbo wa utomvu wa msonobari, na wengine hapa huuchemsha jikoni na mafuta. Utomvu unawaka moto haraka. Jifunze bila ulimbo. Ukiupata baadaye utaona jiwe limepungua kilo.

*Mtu ni mrefu lakini anashindwa.* Anainua kwa mgongo bila kukaa. Urefu unasaidia juu, chini unaadhibu. Tom Stoltman wa Scotland, ambaye mwaka 2020 alipandisha jiwe la kilo 286, ni mrefu kuliko mlango wa kawaida, na bado huanza kwa kulipakata.

Mpango wa wiki 8

Wiki ya 1 hadi 3: kupakata la 54, kama tulivyosema.

Wiki ya 4 na 5: la 54 hadi jukwaani, seti 4 za mara 3. Siku ya pili, kupakata la 80, seti 5 za mara 1.

Wiki ya 6: la 80 hadi jukwaani, mara moja moja, jumla mara 6, ukipumzika dakika 3 kati yake.

Wiki ya 7: kupakata la 100, mara 5. Usijaribu kulipandisha hata kama linahisi jepesi.

Wiki ya 8: siku moja tu. La 54 mara 2, la 80 mara 1, halafu la 100.

Kati ya siku mbili za jiwe ziwe angalau saa 72. Wanaobeba mizigo sokoni kila siku waondoe siku moja ya mazoezi. Kazi tayari ni mazoezi.

Ukitaka kwenda mashindanoni

Katika mashindano makubwa mawe huwa matano, la kwanza mara nyingi likiwa kilo 100 au zaidi, na kila moja zito kuliko lililotangulia, kwa saa inayohesabu. Kwa hiyo la 100 si mwisho wa safari. Ni la kupashia mwili joto. Lakini yapo pia madaraja ya uzito kwa washindani wasiozidi kilo 80, 90 na 105, na huko mtu wa kimo cha kawaida ana nafasi. Wala si mchezo wa Wazungu peke yao: Iron Biby wa Burkina Faso aliinua gogo la kilo 229 juu ya kichwa mjini Glasgow mwaka 2021.

Anayeomba mwaliko ataombwa video. Ianze jiwe likiwa juu ya mizani, namba zisomeke, iendelee bila kukatwa mpaka jiwe litulie jukwaani na mikono imeliachia. Simu iwekwe ubavuni, kimo cha kiuno, mita 4 mbali. Video iliyokatwa kati ya mizani na jukwaa haiaminiwi na mtu, hata kama kila kitu ni kweli.

Kalibu, baada ya kila jiwe, ipakwe mafuta na ihifadhiwe ikiwa imefungwa pamoja. Ikitunzwa hivyo itatoa mawe mengine kadhaa kabla kingo hazijaanza kumeguka.